Ukungu wa Mwendo: Ushahidi wa Wakati katika Picha Zinazokwenda

Utangulizi

Kila mwanafunzi aliyepitia uhakiki wa fasihi katika shule zetu za sekondari analifahamu swali hili: je, fani ya kazi hii inayatumikia maudhui yake? Swali hilo twaliuliza juu ya shairi, twaliuliza juu ya riwaya na tamthilia, na kwa kuliuliza tumejifunza kutofautisha kazi iliyopambwa na kazi iliyokamilika. Lakini picha zinazokwenda, yaani filamu, video na katuni, ambazo siku hizi zimo mkononi mwa kila mwenye simu, aghalabu twaziacha zipite bila ya kuzihoji. Twasema tu kwamba hii yapendeza na ile haipendezi, kisha twaendelea na mengine. Huo si uhakiki.

Makala hii inakusudia kulichukua jambo moja dogo la fani ya picha hizo na kulipima kwa mizani ileile tunayopimia fasihi. Jambo lenyewe ni ule ukungu unaokizunguka kitu kinachokwenda kwa kasi: mkono wa mpiga ngoma unaofifia unaposhuka, gurudumu ambalo spoki zake hazihesabiki, mpira unaoacha mkia nyuma yake. Tutauita ukungu wa mwendo. Zaidi ya hapo, tutauangalia ukungu ule ambao kamera haikuuona, bali fundi ameutia kwa kompyuta baada ya picha kwisha kupigwa au kuchorwa.

Yamkini msomaji atasema kwamba mambo hayo ni ya mafundi, hayamhusu mwalimu wala mwanafunzi. La hasha. Ukungu wa mwendo ni ushahidi kwamba wakati umepita. Anayeutia baadaye anatoa ushahidi juu ya muda ambao hakuna jicho wala kamera iliyoushuhudia, na kwa hiyo anawajibika kama anavyowajibika shahidi yeyote: aseme kwa kiasi, aseme kwa sababu, na asiseme pale ambapo hakutakiwa kusema.

Asili ya ukungu

Kamera ya filamu haitazami mfululizo kama wengi wanavyodhani. Hufumbua na kufumba. Desturi ya sinema tangu filamu zilipoanza kutoa sauti, mwishoni mwa miaka ya 1920, ni kupiga picha 24 kwa kila sekunde. Televisheni za Afrika ya Mashariki zilichukua kipimo cha picha 25. Ndani ya kamera ya ukanda mlikuwa na kisahani kinachozunguka, chenye uwazi wa nusu duara, yaani digrii 180. Uwazi ulipopita, mwanga uliingia. Sehemu iliyozibwa ilipopita, ukanda ulisogezwa gizani. Kwa hiyo kila picha ya sinema ilipata mwanga kwa sehemu ya 48 tu ya sekunde, na kila picha ya televisheni kwa sehemu ya 50. Kamera za kisasa nyingi hazina kisahani tena, lakini wapiga picha wanaendelea kukifuata kipimo hicho, kwa sababu macho ya watazamaji yamekizoea.

Sehemu ya 50 ya sekunde ni muda mfupi, lakini una urefu wake. Tuchukue mfano ambao Watanzania wanauenzi. Tarehe 2 Februari 1974, mjini Christchurch, New Zealand, Filbert Bayi alishinda mbio za mita 1500 katika Michezo ya Jumuiya ya Madola kwa dakika 3 na sekunde 32.2, akaweka rekodi ya dunia. Ukigawa masafa kwa muda utapata mwendo wa mita 7 na kidogo kwa sekunde. Sasa tuseme kwamba kamera imesimama tuli kando ya njia, na kwamba inafumbua kwa sehemu ya 50 ya sekunde. Katika muda huo kifua cha mkimbiaji wa kasi hiyo kimesogea yapata sentimita 14. Picha itakayotoka haitakionyesha kifua mahali pamoja; itakionyesha kimetandazwa katika sentimita 14 zote, mithili ya rangi iliyoburutwa kwa kidole.

Lakini angalia miguu. Mguu uliokanyaga chini umeshikwa na ardhi, hausogei. Huo utaonekana wazi, hata mishono ya kiatu. Mguu ulio hewani unavutwa mbele kwa kasi inayozidi ile ya kiwiliwili. Huo utakuwa kama moshi. Katika mtu mmoja, katika picha moja, mmekusanyika viwango vitatu vya ukungu.

Tena, tuigeuze kamera. Badala ya kusimama tuli, imfuate mkimbiaji kwa kasi yake ileile. Mara mambo yote yanapinduka. Kifua na uso vinakuwa wazi, watazamaji walioketi wametulia wanakuwa mistari mirefu ya rangi, na mguu ule ule uliokanyaga chini, ambao mwanzo ulikuwa wazi, sasa unafifia, maana mbele ya kamera inayokwenda ardhi yote inarudi nyuma. Hapa pana kanuni ambayo mhakiki hana budi kuishika: ukungu hutokana na uhusiano wa mwendo baina ya kitu na jicho linalokitazama. Kuwa mtu anakimbia si sababu ya kutosha ya kumfifisha.

Swali la ukweli

Wasanii walilijua jambo hili kabla ya sinema. Katika karne ya 17 mchoraji wa Hispania, Velázquez, alichora wanawake wanaosokota nyuzi, na picha hiyo imo katika jumba la makumbusho la Prado, Madrid. Gurudumu la kusokotea halina spoki hata moja. Pana mng'aro mwembamba tu wa duara, nawe mtazamaji unalisikia likivuma. Hapakuwa na kamera wakati ule. Palikuwa na jicho, na mkono uliolitii jicho.

Ilipokuja kamera, kwanza ilileta ushahidi wa kinyume. Mwaka 1878, huko Palo Alto katika jimbo la California, Eadweard Muybridge alipanga kamera 12 mstari mmoja akampiga picha farasi anayekimbia. Muda wa kila picha ulikuwa mfupi mno, na farasi akatokea kama aliyegandishwa. Ikathibitika kwamba kuna nukta ambayo miguu yote minne huwa hewani, imekunjwa chini ya tumbo, wala haikunyoshwa mbele na nyuma kama wachoraji wa Ulaya walivyozoea kuichora. Miaka minne baadaye, 1882, Mfaransa Étienne-Jules Marey alitengeneza kamera ya umbo la bunduki iliyopiga picha 12 kwa sekunde, akawanasa ndege wakiruka.

Je, wachoraji walikuwa waongo? Mchongaji Auguste Rodin, katika mazungumzo yaliyochapishwa mwaka 1911, alikataa. Alishikilia kwamba msanii ndiye msema kweli na picha ya kamera ndiyo inayodanganya, kwa kuwa katika maisha wakati hausimami. Mwaka uliofuata Mwitaliano Giacomo Balla alimchora mbwa anayeongozwa kwa mnyororo, akampa miguu mingi kama ya tandu, ili aonyeshe muda wote wa hatua zake katika ubao mmoja.

Mabishano hayo yanatufaa hadi leo, kwa sababu yanatufundisha kwamba ukweli wa mwendo ni wa namna mbili. Upo ukweli wa nukta, unaomfaa mwanasayansi na mwalimu wa viungo. Na upo ukweli wa muda, unaomfaa msimulizi. Ukungu ni lugha ya ukweli wa pili. Anayezichanganya lugha hizo mbili bila kujua ataharibu zote mbili.

Sanamu zilizokosa pumzi

Haja ya kuutengeneza ukungu ilizuka katika filamu za sanamu ndogo zenye viungo. Fundi huiweka sanamu, hupiga picha moja, huusogeza mkono kidogo, hupiga nyingine, na kuendelea hivyo kwa siku na miezi. Ndivyo Willis O'Brien alivyomhuisha sokwe mkubwa katika King Kong ya mwaka 1933. Kwa kuwa sanamu imetulia kila kamera inapofumbua, kila picha huwa kavu na wazi kabisa. Na zinapofuatana, mwendo huonekana wa kukatikakatika. Mtazamaji hawezi kueleza kilichopungua, ila anajua kwamba mnyama yule hapumui.

Hata hivyo tusikimbilie kulaumu. Mwaka 1963 Ray Harryhausen alionyesha, katika Jason and the Argonauts, mifupa saba ya wafu ikiinuka na kupigana kwa mapanga na watu walio hai. Mifupa ile haina ukungu, inashtukashtuka. Na ndivyo inavyostahili! Mfu aliyeinuliwa kwa uchawi asiende kama mtu aliyezaliwa na mama. Kasoro ya ufundi imeangukia mahali ambapo maudhui yaliihitaji, na fani ikawa imetimia.

Joka la filamu ya Dragonslayer, ya mwaka 1981, lilikuwa na haja nyingine. Lilipaswa kuwa mnyama wa nyama na damu, mzee na mwenye uchungu. Phil Tippett na wenzake wa Industrial Light & Magic wakaiunganisha sanamu na mota zilizoongozwa na kompyuta, zikaisogeza wakati kamera imefumbua. Ukungu ukaingia katika filamu kwa njia ya haki, kwa kuwa kitu kilikwenda kweli mbele ya lenzi.

Mwaka 1984 watafiti watatu wa kompyuta katika kampuni ya Lucasfilm, Robert Cook, Thomas Porter na Loren Carpenter, walieleza njia ya kuupata ukungu huo bila ya sanamu wala kamera. Badala ya kukokotoa picha nzima kwa nukta moja ya wakati, kompyuta hutawanya vipimo vyake katika muda wote ambao kilango kingekuwa wazi, kisha huvichanganya. Picha yao ya mipira ya biliadi, mingine imetulia na mingine ikibingirika, ikawa maarufu. Miaka tisa baadaye, katika Jurassic Park ya mwaka 1993, mijusi mikubwa iliyokusudiwa kufanywa kwa sanamu za Tippett ilikokotolewa kwa kompyuta, na Tippett mwenyewe akabakizwa kuusimamia mwendo wao. Uamuzi huo una somo: mashine ilichukua kazi ya mota, lakini haikuchukua kazi ya mtu ajuaye jinsi mnyama mzito anavyoinua mguu.

Ukungu unaopachikwa baadaye

Leo fundi hana haja ya kusubiri. Picha zikishapigwa au kuchorwa, anaweza kuutia ukungu wakati wa uhariri kwa kubonyeza mahali pamoja. Njia ni tatu, nazo hazilingani kwa uaminifu.

Ya kwanza ni kukokotoa hatua nyingi za katikati, tuseme 16 baina ya kufumbua na kufumba, na kuzichanganya ziwe picha moja. Njia hii ni ya polepole, lakini ushahidi wake ni wa kuaminika, kwa sababu kila hatua imehesabiwa kweli.

Ya pili hutumika katika katuni za kompyuta. Programu iliyoujenga mwendo inajua kila nukta ya picha inaelekea wapi na kwa kasi gani. Basi huandika habari hizo pembeni, na mhariri huzitumia kuivuta nukta upande wake. Mathalani mpira unaovuka kioo chenye upana wa nukta 1920 kwa sekunde moja husogea nukta 80 baina ya picha na picha, kwa kipimo cha picha 24. Kamera ya nusu duara ingeuona kwa nusu ya muda huo. Basi ukungu wake wa haki ni nukta 40. Ukitia 80 mpira utaacha mkia usiokatika. Ukitia 10 utarukaruka kama panzi.

Ya tatu ni ya kukisia. Mhariri amepewa video tu. Programu huzilinganisha picha mbili zinazofuatana, hutafuta kila kipande kimekwenda wapi, kisha hupaka ukungu kwa kufuata makisio hayo. Hapa ndipo makosa yalipo mengi. Mtu akipita mbele ya ukuta, sehemu ya ukuta iliyokuwa imefichwa naye hufunuka, na programu haijui ilikuwa na nini. Hapo kingo za mwili hupakazwa ukuta, na ukuta hupakazwa ngozi. Anga tupu halina alama ya kufuatwa. Kivuli, maji na kioo huipoteza njia kabisa.

Nalo gurudumu la baiskeli ni mtego wa siku zote. Lenye spoki 36 lina nafasi ya digrii 10 baina ya spoki na spoki. Likizunguka digrii 10 baina ya picha na picha, spoki ya pili huja kukaa mahali pa ile ya kwanza, na programu husadiki kwamba gurudumu limesimama. Kwa picha 25 kwa sekunde jambo hilo hutokea baiskeli inapokwenda kwa kasi ya mtu anayetembea tu. Basi utaona barabara imetiwa ukungu, mpanda baiskeli ametiwa ukungu, na magurudumu yameganda kama yamechongwa katika mti. Kosa la namna hiyo halifanywi na kamera. Hufanywa na mtu aliyeiamini mashine akaacha kutazama.

Lipo kosa baya zaidi, nalo ni la makusudi. Mhariri akiona mwendo wa katuni yake haukupangwa vizuri, mguu unateleza, uzito hauonekani, huongeza ukungu ili macho yasiione kasoro. Washairi tunaijua hila hii. Mtunzi ambaye mawazo yamemwishia huongeza neno lisilo na kazi ili mizani itimie. Hesabu inalingana, lakini ubeti umekufa. Ukungu wa kuziba pengo ni neno la kujazia mizani. Mtazamaji aliyezoea ataugundua, kama msomaji mzoefu anavyoligundua neno hilo.

Kuwapo na kutokuwapo

Ikiwa ukungu ni lugha, basi kunyamaza nako kuna maana. Katika Saving Private Ryan ya mwaka 1998, mpiga picha Janusz Kamiński aliubana uwazi wa kamera kutoka digrii 180 hadi 90 na 45 katika mapigano ya pwani ya Normandy. Kwa digrii 45 kila picha hupata mwanga kwa sehemu ya 192 tu ya sekunde. Ukungu ukapungua sana. Mchanga uliorushwa na mizinga ukaonekana chembe kwa chembe, na hatua za askari zikakatikakatika. Mtazamaji akanyimwa ule ulaini unaomfariji katika filamu nyingine za vita. Fani ile imebeba maudhui: hofu humfanya mtu aone kila kitu wala asiweze kukiunganisha. Filamu nyingi za mapigano zilizofuata ziliuiga mtindo huo. Lakini pale ambapo hapakuwa na hofu ya kweli katika hadithi, ilibaki mitetemo mitupu.

Mfano wa pili ni wa katuni. Spider-Man: Into the Spider-Verse, ya mwaka 2018, ilitokana na vitabu vya picha vilivyochapishwa. Watengenezaji wake waliukataa ukungu wa kawaida wa kompyuta, wakatumia mistari na alama za mwendo kama zinazochorwa katika vitabu hivyo. Zaidi ya hayo, kijana Miles Morales, anapokuwa bado mwanagenzi, mara nyingi hupewa mikao 12 kwa sekunde, ilhali Peter Parker, aliyekwisha kubobea, hupewa 24 kando yake. Macho yetu yanamwona mmoja anasita na mwingine anatiririka, kabla akili haijaambiwa lolote. Kijana anapokomaa, mwendo wake nao unakamilika. Huu ni uhusika uliojengwa kwa hesabu ya picha. Filamu hiyo ilipata tuzo ya Oscar ya filamu bora ya katuni mwaka 2019, na kwa maoni yangu iliistahili, kwani hakuna uamuzi wa fani ndani yake usioweza kuelezwa kwa maudhui.

Wala ubunifu wa namna hii si mpya. Mwaka 1942, katika The Dover Boys, Chuck Jones na wachoraji wake waliubadili mwili wa mhusika uwe ufito mrefu wa rangi kwa picha moja au mbili tu, anaporuka kutoka mkao mmoja kwenda mwingine. Kilichochorwa kwa mkono kilipewa ukungu wa mkono.

Tufanye nini sisi

Edward Saidi Tingatinga, aliyezaliwa mwaka 1932 na kufariki mwaka 1972, alichora wanyama na ndege juu ya mbao laini za kiwandani kwa rangi za kung'aa za baiskeli. Nguvu ya mtindo ulioachiwa jina lake imo katika mstari ulio wazi na madoa yaliyopangwa mmoja mmoja. Mfululizo wa katuni wa Tinga Tinga Tales, uliotengenezwa mjini Nairobi na kuanza kuonyeshwa mwaka 2010, ulithibitisha kwamba picha za mtindo huo zaweza kutiwa mwendo zikawapendeza watoto wa mataifa mengi. Nao Ubongo Kids, ulioanza Tanzania mwaka 2014, umethibitisha kwamba hesabu na sayansi zaweza kufundishwa kwa katuni zetu wenyewe. Njia imekwisha funguliwa, na vijana wengi watapita humo.

Sasa chukua chui wa mtindo wa tingatinga, umtie mbio, kisha umpake ukungu wa kompyuta. Madoa yatakuwa tope, mstari utayeyuka, na kile kilichomfanya awe chui wa tingatinga kitakuwa kimefutwa katika dakika ileile aliyopaswa kupendeza. Ukungu wa kamera ni alama ya kamera. Picha isiyojidai kuwa imepigwa na kamera haiwiwi alama hiyo. Afadhali mchoraji atafute njia inayotoka katika mtindo wenyewe: arefushe mgongo wa mnyama, ayafuatanishe madoa yawe mistari, azidishe miguu. Nasema haya bila ya kuuchukia ugeni. Velázquez na Jones walikuwa wageni kwetu, nao ndio wanaotufundisha kwamba kila chombo kina dawa yake.

Upo upande wa ngoma, ambao ni mzito zaidi. Tunapozipiga picha ngoma zetu, yatupasa kwanza tuamue kama tunafanya sanaa au tunaweka kumbukumbu. Katika bugobogobo ya Wasukuma jembe hurushwa na kudakwa. Filamu ya kusimulia furaha ya kazi itapendeza jembe likififia hewani, kwa kuwa hapo twataka kuusikia mvumo wake. Lakini mtoto atakayejifunza ngoma hiyo miaka 50 ijayo, wazee wakiwa wametoweka, atataka kujua kiganja kililishika jembe namna gani na kidole gumba kilielekea wapi. Ukungu uliotiwa baadaye utamnyima jibu, wala hataweza kuuondoa na kuyarudisha yaliyofutwa. Kwa hiyo nakala ya kumbukumbu iachwe ilivyopigwa, na ukungu utiwe katika nakala nyingine. Ikiwa nakala ni moja tu, isiguswe.

Jua letu nalo lina neno lake. Simu nyingi haziwezi kuubana uwazi wa lenzi, hivyo chini ya jua la adhuhuri hujiokoa kwa kufumbua kwa muda mfupi mno, pengine sehemu ya 1000 ya sekunde au pungufu. Ndiyo sababu video za mchana za shule na vijiji hurukaruka. Wengi hukimbilia kuzitibu kwa kompyuta. Tiba bora hutangulia: kipande cha kioo cheusi mbele ya lenzi hupunguza mwanga, na simu ikiruhusu muda kuwekwa kwa mkono, kamera itafumbua kwa sehemu ya 50 ya sekunde na ukungu wa haki utaingia wenyewe. Kwa kumbukumbu ya ngoma, bila shaka, ukavu ule ule unaolaumiwa ni neema.

Mwisho kuna suala la haki za watu. Mtazamaji husoma kasi kwa urefu wa ukungu. Gari linalokwenda kilomita 40 kwa saa husogea yapata sentimita 22 katika sehemu ya 50 ya sekunde. La kilomita 100 husogea yapata sentimita 55. Mhariri wa habari akiuzidisha ukungu wa gari ili picha yake isisimue, amemwongezea dereva mwendo ambao hakwenda. Katika hadithi ya kubuni hilo ni pambo. Katika habari ni ushahidi wa uongo, hata kama hakuna neno moja la uongo lililotamkwa.

Hitimisho

Wahenga walisema nyumba njema si mlango. Ulaini wa picha ni mlango tu, na vijana wetu wasiishie hapo. Nawapendekezea walimu zoezi lisilohitaji gharama: isimamisheni video mahali penye mwendo, na darasa lijibu maswali matatu. Ni kitu gani kinachofifia, na ni kipi kilicho wazi? Je, ukungu huo unalingana na mwendo wa kitu hicho mbele ya kamera? Ukiondolewa, hadithi au habari itapungukiwa na nini?

Swali la tatu ndilo kubwa. Likikosa jibu, ukungu ule ni wa bure, hata ukiwa umetengenezwa kwa ustadi. Likipata jibu, mwanafunzi ameanza kuwa mhakiki wa picha zinazokwenda. Na yule atakayezitengeneza kesho ataujua muda anaoutolea ushahidi.